Ruhusa ya Kumchoma Ramnik

Ramnik fundi cherehani alikata roho Alhamisi saa moja asubuhi, kitandani kwake, chai aliyoletewa ikiwa bado ya moto. Mwezi uliopita daktari alikuwa amesema kwamba moyo ule umechoka, na mkewe Daksha alikuwa amejiandaa kadiri mtu anavyoweza kujiandaa kwa jambo kama hilo. Alimfumba macho, akamfunga kidevu kwa kitambaa cha pamba, kisha akaenda jikoni akazima jiko la gesi.

Kwao, maiti ikiwa haijachomwa, nyumba haiwashi moto. Haipikwi hata chai. Wahindu wa Moshi huchoma maiti zao siku hiyohiyo, kabla ya jua kuzama, kwa hiyo jiko hukaa baridi mchana mmoja tu. Jioni watu huoga, hupika, na maisha huanza tena kwa kujikokota. Daksha alipozima jiko alihesabu hivyo, kwamba litawashwa magharibi. Akamtuma binti yake Khyati, mtoto wake wa pekee, aende kwa Pravin kuomba ufunguo wa uwanja wa kuchomea.

Hapo ndipo uchafu ulipoanza, na sioni sababu ya kuupaka rangi. Hekalu lao lilikuwa na wenyeviti wawili kwa miaka minne. Pravin, mwenye duka la vifaa vya ujenzi, alisema amechaguliwa kwenye mkutano wa Diwali. Kantilal, mwenye kinu cha kukoboa mpunga wa Chekereni, alisema mkutano ule haukutimiza akidi, kwa hiyo mwenyekiti ni yeye aliyekuwepo. Watu husema mafahali wawili hawakai zizi moja. Hawa walikaa zizi moja miaka minne, wakilichafua kila siku na kila mmoja akimnyooshea mwenzake kidole.

Mahakama, baada ya kuwasikiliza mpaka ikachoka, iliamuru ufanyike uchaguzi mpya, kila kaya kura moja, rejista ya wanachama ikishahakikiwa. Mpaka hapo mali zote za hekalu ziwe chini ya msimamizi, wakili aitwaye Godwin. Mali zipi? Kila upande ukaleta orodha yake, na kwa kuwa kila upande uliogopa mwenzake asije akabakiwa na kitu, orodha zikarefuka: kengele, vinanda, masufuria, mazulia, hadi mparachichi wa uani. Kwenye namba mia na kumi na mbili watu wa Pravin wakaandika uwanja wa kuchomea maiti. Watu wa Kantilal nao, wasizidiwe, wakaongeza ghala la kuni. Hakimu akaidhinisha, na kwenye geti la uwanja zikafungwa kufuli tatu: ya Pravin, ya Kantilal na ya mahakama. Katika watu wote wale wenye suti na mafaili, hakuna hata mmoja aliyekumbuka kwamba watu hufa.

Kwa miezi mitano bahati iliwabeba. Alikufa mzee mmoja tu, tajiri, na wanawe wakampeleka Nairobi. Kisha akafa Ramnik, ambaye hakuwa na kitu ila cherehani mbili na kibaraza cha kupanga.

*

Pravin alimpokea Khyati kwa majonzi ya kweli. Alifunga macho, akashika kifua, akaagiza aletewe maji. Suruali aliyovaa ilikuwa imeshonwa na marehemu. Hata nguo ndogondogo za hariri zinazovalishwa sanamu za miungu kila Diwali zilishonwa na Ramnik, bure, miaka ishirini na mbili. Pravin alilitaja hilo mwenyewe. Kisha akasema kwamba kutokana na kesi, kila kitu sasa lazima kiwe kwa maandishi. Barua fupi tu ya kuomba ruhusa.

"Andika, kwa Mwenyekiti, Bwana Pravin," alisema. "Jina langu lionekane."

Khyati alikuwa anafanya kazi ya kuchapa kwenye steshenari, kwa hiyo barua ilikuwa tayari kabla ya saa nne. Hakuona ubaya wake. Alikuwa na miaka ishirini na minne na baba yake amelala nyumbani akiwa amefungwa kidevu. Angeandika barua hata kwa mbuzi, kama mbuzi ndiye mwenye ufunguo.

Kantilal, mwenye kufuli ya pili, aliisoma barua ile mara mbili akiwa amesimama mlangoni pa kinu chake, pumba zimemjaa kwenye nyusi. Akaikunja vizuri, akamrudishia.

"Mwanangu, pole sana," alisema. "Lakini hii umemwandikia mtu ambaye mimi simjui. Mwenyekiti wa hekalu mbona unaongea naye hapa?"

Khyati alirudi steshenari, akachapa nyingine, kwa Mwenyekiti, Bwana Kantilal. Alipoipeleka, Kantilal aliipiga picha kwa simu kabla hajamaliza kuisoma. Saa sita mchana picha ile ilikuwa imeshafika kwenye kila simu ya Mhindu Moshi nzima, ikiwa na maneno juu yake kwamba familia ya Ramnik yatambua uongozi halali. Habari kwamba Ramnik mwenyewe amefariki ilikuwa mstari wa mwisho. Wazee walisema kufa kufaana, ila sidhani kama walifikiria kufaana kwa namna hii. Kura za uchaguzi ujao zilitarajiwa kukaribiana sana, na kaya moja inayomwita mtu mwenyekiti kwa maandishi ni ushahidi mzuri mbele ya hakimu.

Pravin alipiga simu saa saba. Hakupandisha sauti, yeye si mtu wa kupandisha sauti. Alimwambia Khyati kwamba ameumizwa, kwamba hakutegemea hili kutoka nyumba ya Ramnik, na kwamba kufuli yake ataifungua kwa moyo mweupe mara tu atakapopata barua ya kukanusha ile ya Kantilal. Kantilal naye, alipoulizwa, alisema akikanushwa yeye kufuli yake haifunguki. Jua likazama. Ramnik akabebwa kwenda chumba cha maiti cha hospitali, na jiko likabaki baridi.

*

Jioni ile wanawake walikuja kumlilia. Wake wa upande wa Pravin walikaa mkono wa kushoto wa sebule, wake wa upande wa Kantilal wakakaa kulia, na katikati wakaacha nafasi ya mkeka mmoja wazi. Ilipofika wakati wa kuimba nyimbo za ibada, hakuna upande uliotaka kuitikia wimbo ulioanzishwa na wenzao. Basi hawakuimba. Walikaa kimya wakipangusa macho, na shemeji yake Kantilal akamnong'oneza Daksha kwamba fomu ya mkuu wa kaya inabidi ijazwe upya, maana Ramnik hayupo, na yeye anazo fomu kwenye mkoba.

Daksha alisema asante. Alikuwa mwanamke wa kusema asante. Tangu aolewe na fundi cherehani, katikati ya watu wenye maduka na vinu, alijifunza kukaa mwisho wa mstari kwenye sherehe na kupokea sahani ya mwisho, na hakuona kama ni unyonge. Aliona ndivyo dunia ilivyopangwa.

Walipoondoka aliingia Elinipendo, mke wa Primus, fundi wa kuchomelea vyuma aliyepanga kibaraza kimoja na Ramnik miaka kumi na minane. Alikuja na sufuria ya kiburu, ndizi na maharage, na kabla hajaulizwa akasema hakutia nyama wala mafuta ya nyama, na sufuria yenyewe ni mpya. Alikuwa amesikia kwamba nyumba haipiki. Aliwapakulia, akakaa chini, akawatazama mpaka wakala.

"Mama Khyati," alisema baadaye, "mimi sijui mambo yenu. Ila sisi mtu wetu tunamzika kihambani, kwenye migomba yake, na hakuna wa kutuuliza barua. Nimeongea na mume wangu, baba Gladys. Kama hawa watu wamekataa, tumpeleke kwetu Old Moshi. Nafasi ipo."

Daksha alimshika mkono akaanza kulia, kwa mara ya kwanza siku ile. Alimweleza kwamba haiwezekani, kwamba Ramnik asipochomwa hajaondoka, atabaki amening'inia, si huku wala kule. Elinipendo, Mlutheri wa kuzaliwa, mwimba kwaya, hakuamini neno hata moja katika hayo. Lakini alielewa kwamba mwenzake anaamini, na kwake hilo lilitosha.

*

Ijumaa Khyati alipanda basi kwenda Bomang'ombe, ambako wakili Godwin alikuwa na shauri jingine. Alimpata kwenye mgahawa karibu na stendi, akamwamkia shikamoo, akasimama mpaka alipomaliza supu yake. Wakili alikuwa mpole. Alisema ufunguo wa mahakama upo, uko ofisini kwake, kwenye droo ya pili, na yeye binafsi roho inamuuma. Lakini amri inasema geti lifunguliwe kwa ridhaa ya pande zote mbili au kwa kibali cha hakimu. Akifungua bila hivyo, upande mmoja utasema ameegemea upande wa pili, na atanyang'anywa usimamizi.

Arusha je? Khyati alikuwa ameshawapigia wenye uwanja wa huko. Wangempokea baba yake hata leo, walisema, alete tu barua ya utambulisho kutoka kwa mwenyekiti wa hekalu la Moshi. Wakili aliposikia hivyo alicheka kidogo, kisha akaona haya, akaomba bili.

Khyati alirudi Moshi saa nane, akaenda mahakamani. Karani, dada mmoja mwenye kucha ndefu za rangi ya zambarau, alimweleza kwamba hakimu amesafiri na Jumatatu ni sikukuu, kwa hiyo aje Jumanne na maombi ya dharura, nakala nne. Khyati alisema baba yake alifariki jana. Alisema mara mbili, akidhani hakusikika.

"Si yuko kwenye friji?" karani alimuuliza, bila ubaya wowote, akageukia mtu aliyefuata.

Huyo dada hakuwa na roho mbaya. Mtu akiniuliza nani alikuwa na roho mbaya siku zile tatu, nitashindwa kumtaja, na hilo ndilo linalonitia kichefuchefu. Kila mmoja alisema pole. Kila mmoja alikuwa na karatasi yake ya kujifichia.

*

Alikuwa kwenye friji, ndiyo, ila friji lilikuwa na hitilafu tangu usiku wa kuamkia Ijumaa. Mhudumu wa chumba cha maiti aliwapigia saa kumi na moja jioni, akawaomba wafike. Alikuwa kijana mstaarabu. Alimwambia Daksha kwamba barafu amenunua kwa hela yake mwenyewe, lakini joto la Moshi mwezi huu mama analijua, na kwa ushauri wake wasingoje Jumanne.

Aibu ya maiti aijuaye mwosha. Daksha aliomba aachwe peke yake na mumewe, akafunua shuka. Nitasema moja tu kati ya aliyoyaona: ile harufu. Ramnik alikuwa mtu wa usafi mpaka anaudhi, anaoga mara mbili kwa siku, ananawa mikono kabla ya kugusa kitambaa cha mteja. Sasa alinuka. Alikuwa ananuka mbele ya kijana wa watu asiyemjua, kwa sababu watu wawili waliovaa nguo alizowashonea walikuwa wanagombania neno mwenyekiti.

Daksha alimfunika. Alipotoka nje alikuwa ameshika pua kwa ncha ya sari, na Khyati alidhani analia, akamsogelea ili amshike. Hakuwa analia.

"Nimpigie Pravinbhai tena?" Khyati aliuliza.

"Usimpigie mtu," alisema Daksha. "Mpigie Primus. Muulize ile mashine yake ya kukatia vyuma inakata kufuli nene kiasi gani."

*

Primus alikuja hospitali Jumamosi saa tano na pikapu ya kuazima. Nyuma alipakia jenereta, mashine ya kukatia, na magogo ya mgrevilea ambayo ndugu yake aliyapasua alfajiri huko Old Moshi, maana kuni za hekalu nazo zilikuwa namba mia na kumi na tatu kwenye orodha. Khyati alinunua samli. Ramnik, akiwa amefungwa kwenye shuka nyeupe, alilazwa juu ya magogo yatakayomchoma, kwa sababu pikapu ilikuwa moja. Daksha alilitazama hilo, kisha akapanda garini.

Mlinzi wa uwanja, mzee Eliufoo, alikuwa hajalipwa tangu kufuli zifungwe, kwani kila mwenyekiti alisema mlinzi ni wa mwenzake. Alisalimiana nao, akamwangalia Ramnik, akaangalia mashine. Akasema kwamba anakwenda kutafuta chai, na kwamba chai ya hapa inachelewa sana kuiva. Akaondoka akiacha fimbo yake getini.

Primus aliwasha jenereta, akavaa miwani ya kazi. Daksha akamshika mkono.

"Hapana. Wewe una watoto, na karatasi ya mahakama imebandikwa hapo getini. Nishikishe tu, nionyeshe. Nitakata mimi."

Primus alibishana naye. Alisema mashine ile ina nguvu, ikiruka inakata kidole, na mwanamke mwenye sari hafai hata kuisogelea. Daksha alikunja sari akaichomeka kiunoni, akavua bangili ambazo mjane angezivua hata hivyo, akamkabidhi Khyati. Miaka yote ya maisha yake hakuwahi kukanyaga uwanja ule; kwao wanawake hubaki nyumbani, na moto huwashwa na mtoto wa kiume. Mtoto wa kiume hawakuwa naye. Primus akamvalisha miwani, akasimama nyuma yake, akamwelekeza namna ya kupanua miguu.

Kufuli ya Pravin ilitoka dukani kwake, na ilikatika upesi kuliko zote. Ya Kantilal ilichukua dakika tatu. Ile ya mahakama ilikuwa ngumu, cheche zilimrukia kwenye mikono na kumtobolea sari, na alipumzika mara mbili kabla haijaanguka. Wakaingia. Wakapanga magogo wenyewe, Primus akiuliza kila mara kama ndivyo, na Khyati akisoma utaratibu kwenye simu. Daksha akauzunguka moto uliokuwa bado haujawaka, akamwaga maji, akamimina samli, akawasha.

Ramnik alichukua saa nyingi kuungua, kwa kuwa mgrevilea haukukauka vizuri. Hawakuondoka. Walirudi nyumbani jua likiwa limeshazama, wakaoga, na Daksha akawasha jiko, akapika wali na dengu, wakala wote wanne, Elinipendo akiwemo.

*

Wito wa mahakama ulikuja baada ya siku tisa: Daksha, mke wa marehemu, ajieleze kwa nini asiadhibiwe kwa kudharau amri. Katika miaka minne ya kesi ile, ambamo watu walirushiana viti hekaluni na mtu mmoja kuchaniwa shati mbele ya miungu, hakuna aliyewahi kuitwa kwa dharau. Wa kwanza alikuwa yeye.

Hakimu, mama wa makamo mwenye miwani iliyoning'inia kwa mnyororo, alisoma malalamiko kimya. Akageuza ukurasa. Akarudi wa kwanza. Kisha akavua miwani, akawatazama Pravin na Kantilal, waliokaa benchi moja kwa mara ya kwanza, mabega yakikaribia kugusana.

"Miaka minne nimewaomba mniletee hata karatasi moja mliyosaini wote wawili," alisema. "Kwa ajili ya mlinzi alipwe, mlikataa. Kwa ajili ya umeme wa hekalu, mlikataa. Leo mmeniletea."

Barua ile ya malalamiko ilikuwa na mihuri miwili, kushoto na kulia, na ilisema kwamba jumuiya nzima imesikitishwa na uvunjaji wa mali zake. Wakili Godwin aliangalia viatu vyake. Pravin alikohoa. Kantilal alinyanyuka kidogo, akakaa tena.

Daksha aliulizwa kama aliijua amri. Alisema aliijua, ilikuwa imebandikwa getini na aliisoma. Aliulizwa nani alikata. Alisema yeye. Hakimu alitazama ile mikono, alama za cheche zikiwa bado nyekundu, na hakuuliza mashine ilikuwa ya nani. Alimwonya asirudie. Neno hilo lilipotoka mdomoni mwake alionekana kulisikia mwenyewe, akainamisha kichwa kwenye faili. Akaamuru geti la uwanja libaki wazi, na kesi ya msingi akaiahirisha mpaka mwezi wa kumi.

Mwisho wa kuhakiki rejista ya wanachama ulikuwa keshokutwa. Nje, kwenye ngazi, Pravin alisimama upande mmoja na fomu ya mkuu wa kaya mkononi, imeshajazwa, imebaki sahihi tu. Kantilal alisimama upande wa pili na yake. Wote wawili walikutanisha viganja kifuani kwa heshima, wote wawili walisema pole, Dakshaben, yale yalikuwa mambo ya kisheria tu. Alipita katikati yao, polepole, akaendelea kushuka mpaka barabarani alikoegesha Primus.

Khyati alimfuata akigeuka nyuma. Wanaume wale hawakuwa wameondoka. Fomu bado zilikuwa mikononi mwao.

"Mama, wanakungoja," alisema.

"Waache wangoje," alisema Daksha. "Baba yako aliwangoja siku tatu."